Bosi anasema nimekuwa "mtu wao": nihame dawati la Asia au nibaki?

Shikamoo Anti,

Pole na majukumu. Nakusoma siku nyingi ila sijawahi kuandika, leo naandika kwa sababu kwa kweli nimefika mahali sijui nishike lipi niache lipi. Naomba usitaje jina langu wala nchi yangu, watu wa kazi hii tuko wachache na tunajuana.

Mimi ni Ofisa Mambo ya Nje. Wakati naajiriwa Asia haikuwa akilini kabisa, nilikuwa nawaza Umoja wa Mataifa kama vijana wote, sasa ikatokea nafasi ya kwenda kusoma Kichina, wenzangu wakaikwepa wakisema ni lugha ya kumaliza ujana, mimi nikajitolea. Nikasoma Beijing, nikarudi dawati la Asia, nikapangiwa kituo, nikapanda mpaka Katibu wa Kwanza, baadaye nikapelekwa Asia ya Kusini Mashariki, na sasa niko makao makuu dawati lilelile. Kazi naipenda, sikufichi.

Shida ilianza na safari moja. Ujumbe wetu mkubwa ulikuwa unaenda nchi moja ya Asia ya Mashariki na wakubwa walitaka makubaliano ya ushirikiano yasainiwe hukohuko. Nikaambiwa niandae dokezo. Nikaandika ukweli, kwamba wale bado hawajamalizana wao kwa wao, wizara yao ya fedha haijasema neno, tukienda sasa tutakirimiwa vizuri, tutapiga picha, tutarudi mikono mitupu, na kwa utamaduni wao hawatatukatalia usoni. Nikashauri tusubiri. Dokezo likarudi na maneno ya wino mwekundu pembeni: "Huyu anamfanyia kazi nani?"

Ujumbe ukaenda. Mapokezi mazuri mno, hotuba, picha, saini hamna. Mi nikajua sasa angalau watanikumbuka, kumbe ndo kwanza mambo yakaharibika, kwenye vikao nikifungua mdomo tu kuna mtu anasema "haya tumsikilize balozi wao" na watu wanacheka. Majina ya kupanda kuwa Mshauri yakatoka, mimi simo, yumo mdogo wangu wa kazi ambaye mimi ndo nilimfundisha kuandika ripoti.

Juzi bosi kaniita akaniambia kwa upole tu, kuna nafasi kituo cha Ulaya, nenda kule, cheo utapata, ukiendelea kung'ang'ania Asia nakuhurumia. Na mwakani kuna kituo cha Asia kinabaki wazi, mtu anayekifaa kuliko mimi simwoni. Nikiondoka naona kama nazika lugha yote ile na watu wote niliowajenga kule. Halafu mke wangu ni mfamasia, vituo vyote tulivyokwenda amekaa nyumbani tu hana kazi, kasema safari ijayo kama ni ya kukaa ndani hatoki.

Anti, ni kweli mtaalamu wa eneo moja anafia kwenye eneo hilo? Na lingine linaloninyima usingizi, inawezekana kweli nimeshakuwa mtu wao bila kujua?

Mtu wa Dawati

---

Marahaba mwanangu, na pole sana. Kazi hii nimeifanya mpaka nikastaafu, sehemu kubwa hukohuko Asia, kwa hiyo maneno ya wino mwekundu nayajua yanavyouma.

Acha nianze na hilo linalokunyima usingizi. Hapana, kwa ulivyoniandikia sioni kama umekuwa mtu wao. Aliyegeuka huandika kwamba wale wana haki na sisi ndio wakorofi, basi. Wewe uliandika kwamba wale hawajamalizana ndani, hiyo ni taarifa, tena ndo hiyohiyo unayolipwa mshahara kuitafuta. Mkataba wa Vienna wa mwaka 1961 kuhusu uhusiano wa kidiplomasia, kifungu cha 3, umetaja kazi za ubalozi na mojawapo ni kufahamu kwa njia halali hali ilivyo kwenye nchi uliyopo na kuiripoti kwa serikali yako. Haikuandikwa uripoti ya kufurahisha tu.

Lakini usidhani ugonjwa wenyewe haupo. Upo, na ndo maana wizara nyingi duniani hazimwachi mtu kituoni zaidi ya miaka mitatu minne, anahamishwa kabla hajaanza kuona kila kitu kwa macho ya wenyeji. Na sisi wa Asia tunashukiwa kuliko wengine, manake kuingia kwetu kunachukua muda mrefu. Chuo cha wizara ya mambo ya nje ya Marekani kinakadiria ofisa wao anahitaji wiki 88, kama saa 2,200 za darasani, ili Kichina au Kijapani au Kikorea kimkae vizuri, wakati Kiindonesia na Kimalay ni wiki kama 36, kundi moja na Kiswahili chetu. Sasa mtu aliyezama muda wote huo, akirudi ofisini wenzake wanamwangalia kwa jicho la pembeni. Hata Japan, ambao ni majirani kabisa wa China, maofisa wao waliosomea Kichina wamepachikwa jina la "shule ya China" na kuna wanasiasa waliowasema miaka mingi kwamba ni walaini mno kwa Beijing. Kwa hiyo usione ni wewe peke yako umeandamwa.

Ngoja nikwambie ya John Service, kila ofisa wa Asia anatakiwa ayajue. Mmarekani, kazaliwa Chengdu mwaka 1909, wazazi wamisionari, Kichina kakikuta nyumbani. Mwaka 1944 alikwenda na ujumbe wa Marekani mpaka Yan'an kwenye ngome ya Wakomunisti wa Mao, akaangalia, akaongea nao, akaandika kwamba serikali ya Chiang Kai-shek, iliyokuwa inatawala China wakati huo, imeoza ndani, haina watu nyuma yake, na hawa jamaa wa Yan'an wana nguvu kuliko tunavyofikiri, tusiwapuuze. Mwaka 1949 ikawa kama alivyoona, Wakomunisti wakaishika China. Sasa ungetegemea apewe nishani, kinyume chake, Seneta McCarthy na wenzake wakaja na hoja kwamba watu kama hawa ndio "walioipoteza China", na Desemba 1951 Service akafukuzwa kazi. Mwenzake John Paton Davies naye, amechunguzwa na kuchunguzwa tena mara nyingi tu, hawakupata kitu, mwaka 1954 akaondolewa hivyohivyo, akaenda kuishi Peru akawa anatengeneza fanicha Lima. Service alipigania haki yake mpaka Mahakama ya Juu kabisa ya Marekani, ikampa ushindi mwaka 1957, akarudishwa kazini lakini hawakumpa tena jambo la China, wakampeleka Liverpool kuwa konseli, akastaafu 1962.

Na hasara haikuwa yake peke yake. Robert McNamara, aliyekuwa Waziri wa Ulinzi wa Marekani wakati wa vita vya Vietnam, alikuja kuandika mwaka 1995 kwamba walipokuwa wanaamua mambo ya Vietnam hawakuwa na wataalamu wa kuwashauri, kwa sababu waliojua Asia walishaondolewa miaka ya 1950. Wale wanaokuchekea kwenye kikao hawajui wanacheza na kitu gani, inaniuma kusema hivyo lakini ndo ilivyo.

Sasa la kwako. Kuwa sahihi peke yake hakujawahi kumlinda mtu kwenye kazi hii. Kinachomlinda, kwa kiasi fulani, ni namna anavyoandika, na hapo mwanangu nakuomba usinichukie, dokezo lako lilikuwa na ukweli wote ila lilianza na wao. Wale hawajamalizana, wizara yao ya fedha, utamaduni wao, usoni hawatatukatalia, ndo nikaona mbali huko unashauri tusubiri. Mkubwa amekaa pale, safari ameshaitangaza, anasoma mstari wa kwanza unamhusu mtu mwingine, wa pili hivyohivyo, wa mwisho unamwambia asiende, na hujampa kitu cha kufanya badala yake. Lazima ashike wino mwekundu.

Hebu soma hili halafu uone ni habari ileile:

"Lengo letu ni kupata saini kabla mwaka wa fedha haujafungwa. Ili tuipate, mkurugenzi mmoja atangulie wiki sita kabla ya ujumbe, akutane na wizara yao ya fedha ambayo ridhaa yake haijapatikana. Ridhaa ikitoka, ujumbe uende kusaini. Ujumbe ukitangulia kabla ya hapo, tutegemee mapokezi mazuri bila saini."

Umeona? Sisi tunataka nini, njia ni ipi, nani aende, hatari ni ipi. Hakuna ulichoficha na hakuna uliyembembeleza. Na hata kama mkubwa ataamua kwenda tu, dokezo lako linabaki kwenye faili likiwa linaongelea maslahi ya nchi yako tangu neno la kwanza, siku mtu akilifukua hana pa kukushika.

Na hilo neno utamaduni liache kabisa kwenye madokezo, nakusihi. Wataalamu wa Asia tunalipenda mno, na mkubwa akilisikia anasikia kisingizio. Mwambie utaratibu. Mfano Japan, jambo la serikali linaanzia kwa ofisa wa chini, anaandika hati, hati inazunguka idara kwa idara, kila anayehusika anagonga muhuri wake, mpaka ifike juu kila mtu ameshakubali, kwa hiyo waziri wao anapokaa mezani na nyie jambo limeisha zamani na kama halijaisha hata mkeshe pale hapatoki kitu. Mwandikie hati ipo idara gani, bado mihuri ya nani, itachukua muda gani. Hiyo mkubwa yeyote anaielewa, hata kwake mambo yanakwenda kwa faili.

Au chukua ASEAN, jumuiya ya nchi za Asia ya Kusini Mashariki, umefanya kazi eneo lao unawajua. Tangu waanze Bangkok mwaka 1967 wakiwa nchi tano mpaka leo nchi 11 baada ya Timor-Leste kuingia Oktoba 2025, wanaamua kwa kushauriana mpaka wote wakubali, mmoja akikataa jambo limekwama. Julai 2012 pale Phnom Penh mawaziri wao wa mambo ya nje walishindwa kutoa tamko la pamoja kwa mara ya kwanza katika miaka 45, sababu ni mgogoro wa Bahari ya Kusini ya China, hawakuafikiana iandikweje. Ofisa ambaye angewaambia wakubwa zake mapema "nchi fulani ndo mwenyekiti mwaka huu, haitakubali aya hii, tusijenge mpango wetu juu ya tamko hilo" angeokoa kazi ya miezi. Huo ndo utaalamu wa eneo, kujua jambo litakwama kwa nani na lini.

Wale wa kucheka kwenye kikao usiwajibu palepale. Aliyeanzisha mfuate ofisini kwake mkiwa wawili, mwambie kwa adabu kabisa kwamba utani ule unakuharibia kazi na unaomba uishe. Wengi huona aibu wakaacha. Asipoacha unamwambia bosi wako, kwa mdomo kwanza.

Twende kwenye Ulaya. Umeuliza kama mtaalamu wa eneo moja anafia hapo. Wapo waliofia hapo, ndiyo, na wapo waliofika juu kabisa, na ukiwachunguza waliofika juu utakuta wengi walitoka kidogo wakarudi. S. Jaishankar wa India, alikuwa Tokyo, akaenda kuwa balozi Prague, akarudi Asia kwenye ubalozi wa Singapore, halafu Beijing 2009 mpaka 2013, kutoka hapo Washington, na tangu 2019 ni Waziri wa Mambo ya Nje. Kevin Rudd wa Australia alisoma Kichina chuo kikuu, wizara ikampeleka Stockholm kwanza ndo baadaye Beijing, akaja kuwa Waziri Mkuu mwaka 2007. Wang Yi wa China yeye ni mtu wa Kijapani, ndo alichosomea, alikaa sana upande wa Asia akawa balozi Tokyo 2004 mpaka 2007, lakini hata yeye kabla ya kuwa waziri mwaka 2013 walimtoa wakampa ofisi ya mambo ya Taiwan. Kutoka hakujawafuta. Kumewafanya wakubwa wengine waone kwamba wanaweza na kazi nyingine.

Kwa hiyo mawazo yangu ni kwamba uende, kipindi kimoja tu, na usiende popote watakapokutupa. Kama una nafasi ya kusema kitu omba Geneva au Brussels. Geneva kuna Shirika la Biashara Duniani ambalo China iliingia Desemba 2001, balozi za Asia pale ni kubwa, wana watu wengi, na mtu anayeweza kuongea nao kwa lugha yao kwenye korido kabla ya kikao ana thamani kubwa sana kwa ujumbe mdogo. Brussels Umoja wa Ulaya una mambo yake mengi na Asia ya biashara na teknolojia, utakuwa unaifuatilia Asia kutoka upande ambao wenzako wa dawati hawauoni. Na kabla hujakubali, omba iandikwe kwenye faili lako kwamba ukirudi utafikiriwa kwa Asia. Iandikwe, neno la mdomo bosi akihamishwa linaondoka naye. Usikubali vipindi viwili mfululizo, cha pili ndo kinachomaliza lugha na kumaliza majina ya watu.

Lugha yenyewe ni suala la kila siku, si la mahali ulipo. Soma Renmin Ribao, gazeti la chama tawala cha China, kila asubuhi kabla hujagusa kitu cha ofisi hata kama ni ukurasa wa mbele tu, na usiache kuwasalimia wale wa kule uliowajenga, kadi ya mwaka mpya wao, pongezi mtu akipanda cheo. Yule katibu wa pili uliyekunywa naye chai ndo mkurugenzi wa kesho, na Asia wanakumbuka aliyewatafuta wakati hana shida.

Ila kuna jambo hukunieleza. Hicho kituo cha Asia kinachobaki wazi mwakani, ni kwa nafasi gani? Kama ni Katibu wa Kwanza tena, achana nacho. Kama ni namba mbili wa ubalozi, basi nafuta niliyosema, kipiganie kwa nguvu zote. Unajua ubalozi mmoja wa Asia mara nyingi unahudumia nchi tatu nne, mkataba wa Vienna unaruhusu, balozi anakuwa safarini kupeleka hati za utambulisho na kuhudhuria mikutano, na akitoka nchini namba mbili ndo kaimu, anaitwa wizarani, anasaini, anaandika kwa jina lake. Mwaka mmoja wa kazi hiyo unakufanya uonekane kuliko miaka mingi ya kuandika madokezo yanayosainiwa na wengine. Kaulize kesho, kabla hujamjibu bosi.

La mke wako nimeliacha mwisho lakini si dogo, na kwa kweli ndo lingekuwa la kwanza ungeniuliza mimi. Mtu amesoma famasia halafu anakaa ndani miaka, leseni inapitwa na wakati, ujuzi unashuka, na wewe kila jioni unarudi na hadithi za kazi, jamani. Hakuna kifungu cha Vienna kinachomkataza mwenza kufanya kazi. Anayekatazwa kufanya kazi au biashara ya faida yake huko ni wewe ofisa wa kidiplomasia, kifungu cha 42. Yeye anachohitaji ni kibali cha nchi mnakoishi, na nchi nyingi hutoa pale ambapo serikali mbili zimekubaliana kwamba wenza wa huku na wa kule waruhusiwe. Kwa hiyo andikia utawala sasa hivi, uliza kituo cha Ulaya na kituo cha Asia kipi kina makubaliano hayo, na kama hakina omba wizara iyaanzishe, ni barua za kubadilishana tu kati ya pande mbili. Ajue pia kwamba akipata kazi, kwa mambo ya kazi hiyo kinga yake ya kushtakiwa kwa madai haimlindi, na kipato cha hapo kinatozwa kodi. Na kwa mfamasia kibali cha kazi hakitoshi, kuna baraza la taaluma linalosajili na lugha ya mtihani wao, huko ndo watu hukwama, aanze kuulizia mapema mwenyewe. Majibu ya hayo mawili yaletwe mezani mkae naye kabla hujasaini kitu chochote, naye awe na sauti kamili kwenye kuchagua kituo.

Kiulize hicho cheo cha kituo cha Asia halafu uniandikie, na hilo dokezo jipya ukiliandika nitumie nilisome, ufute majina.

Anti